Mandvi: siku sita kwa wajenga vyombo

Jumatano, ndani ya treni

Treni ya Bhuj huondoka Mumbai jioni na kulala njiani. Nakwenda Mandvi, bandari ya magharibi mwa India ambako bado wanajenga vyombo vya mbao, na nimepata kitanda cha kati. Mbele yangu yuko mama mmoja na mwanawe wa miaka kama mitano, na kabla hatujatoka mjini ameshafungua mkebe: chapati nyembamba za uwatu, achari ya embe, na kipande cha sukari guru kwa kila mtu aliyekaa karibu. Hakuuliza nani ni nani. Amegawa tu.

Akamwambia mtoto anisalimu, na mtoto akaniita kaka. Nikafurahi, nikidhani ni ule ukaka wetu. Mama mtu akanieleza polepole, maana Kihindi changu ni cha sinema na cha dukani kwa jirani yetu Lamu. Kwao kaka ni baba mdogo. Mama ni mjomba. Dada ni babu mzaa baba, na nana ni babu mzaa mama. Nikamwambia kwamba kwetu Lamu nana ni bibi mwenye heshima zake ndani ya nyumba, na dada ni msichana. Alicheka hadi akaita watu wa vitanda vya jirani waje wasikie. Nusu saa nzima behewa letu lilikuwa likihesabu ukoo.

Naandika haya kabla ya taa kuzimwa. Baba yangu ni fundi wa majahazi Matondoni, kijiji cha kisiwa cha Lamu, kama alivyokuwa babu. Nilipomuaga alinipa agizo moja kuhusu mkuku, lile gogo la chini kabisa linalobeba chombo: "Usiniletee kitambaa wala haluwa. Kaangalie mkuku, uje uniambie wanaulazaje."

Alhamisi, Bhuj hadi Mandvi

Nimeamka nikaona weupe pande zote za reli. Ni chumvi. Pale Surajbari treni inavuka mkono wa bahari, na mashamba ya chumvi yanaendelea hadi macho yanachoka, malundo yamepangwa kama mahema. Hapo ndipo unapoingia Kutch, wilaya ya magharibi kabisa ya jimbo la Gujarat, kati ya bahari na jangwa la chumvi.

Bhuj sikukaa. Mji huu ulipigwa na tetemeko la ardhi asubuhi ya tarehe 26 Januari 2001, watu wapatao 20,000 wakafa katika eneo hili, na hadi leo mtu akikuelekeza njia hukwambia "kabla ya tetemeko palikuwa na…". Nje kidogo kuna kijiji cha Madhapar, na dereva wa jipu la abiria alinionyesha maghorofa yake na kusema, bila mimi kuuliza, "Nairobi, Nairobi, London, Nairobi." Ndivyo alivyokuwa akizitaja nyumba, kwa mahali fedha zilikotoka.

Mwendo wa saa moja na nusu, kilomita zisizofika sitini, na tukaingia Mandvi. Ni mji wa watu kama elfu hamsini hivi, kwenye mlango wa mto Rukmavati. Uliasisiwa kama bandari katika karne ya 16, wakati wa Rao Khengarji wa Kwanza, mtawala wa Kutch, na ulizungushiwa ukuta ambao leo umebaki vipande.

Lakini mimi ukuta sikuuona. Tulipofika darajani nilimwomba dereva asimame. Kwenye kingo za mto vimekaa vyombo vya mbao, vikubwa kuliko chochote nilichopata kukiona Matondoni au hata Zanzibar. Mbavu zake zinaonekana toka mbali, kama nyangumi aliyekupwa na maji. Vingine vimeshavishwa mbao hadi juu. Watu wanaotembea juu ya jukwaa wanaonekana wadogo kama siafu. Abiria walinisubiri bila kunung'unika. Mzee mmoja alinigusa bega akasema "Jahaj," nami nikamjibu "Jahazi," akatingisha kichwa kwa ule mtingisho wa huku, wa kulia na kushoto, ambao ni ndiyo.

Usiku nimekula dabeli. Wenyeji wanasema ilizaliwa hapa hapa Mandvi, miaka ya 1960, mikononi mwa mwuza vitafunio mmoja, kisha ikaenea Gujarat yote hadi Mumbai. Ni viazi vilivyopondwa na bizari yake maalumu, vinabanwa ndani ya mkate mdogo, pamoja na chatne ya ukwaju na tende, chatne ya kitunguu saumu, karanga zilizokaangwa, na punje za komamanga. Kisha mkate unakaangwa kidogo kwa siagi. Ule mkate wanauita pav, neno la Kireno, na kwetu pwani tungeuita bofulo. Mwuzaji ana chungu cha pili pembeni kwa ajili ya Wajaini, wafuasi wa dini moja ya India, ambao hawali mboga za mizizi zilizong'olewa chini ya ardhi: humo ndizi mbichi imechukua nafasi ya kiazi, na vitunguu hakuna. Vyungu viwili, foleni moja. Nimekula tatu.

Ijumaa, gudini

Nimefika mtoni saa kumi na mbili na nusu asubuhi, baridi kali, nimejifunga shuka juu ya sweta. Mafundi walikuwa wameota moto wa maganda ya mbao. Fundi mkuu ni Mhindu wa miaka sitini na kitu, kidole kimoja hana nusu. Mwenye chombo ni Mwislamu wa mtaa wa Salaya, na wapakaji kalafati, wale wanaoziba nafasi kati ya mbao, wengi ni vijana kutoka majimbo ya mbali ya India ambao hata Kikutchi hawakijui. Hatukuwa na lugha. Fundi mkuu Kikutchi na Kigujarati, mimi Kiswahili na Kihindi cha kuokoteza.

Basi nikaanza kwa kidole. Nikagusa usukani nikasema, "Usukani." Akanitazama. "Sukan," akasema. Nikaonyesha nanga. "Langar." Nikamwonyesha mto na bahari na gati: "Bandari." Akajibu "Bandar," sasa anatabasamu. Nahodha wao ni nakhuda. Serangi, yule mkuu wa mabaharia, ni sarang. Yule anayejua nyota na kuongoza njia wao humwita malam, na hilo ni neno lile lile la Kiarabu lililotupa sisi mwalimu. Tulizunguka chombo kizima hivyo, omo hadi tezi, yaani mbele hadi nyuma, na mafundi wengine wakaacha tezo zao kutufuata. Kila neno likikubaliana walipiga kelele kama watu wanaotazama mpira.

Nikafika kwenye mkuku. Baba, haya ndiyo majibu yako. Mkuku wao ni gogo la mti wa sal, ambao kwa vyombo vikubwa hununuliwa kutoka Malaysia. Umelazwa juu ya magogo mafupi, ukiinuka kidogo upande wa omo, na fundi hana mchoro wowote. Nilimwuliza kwa ishara karatasi iko wapi. Akagonga paji la uso wake. Mataruma, zile mbavu za chombo, ni ya mgunga, vipande vilivyopinda vyenyewe porini, vinachaguliwa kwa mpindo wake kama vile wewe unavyochagua mikoko kule mkondoni. Kati ya ubao na ubao wanashindilia uzi wa pamba kwa patasi na nyundo, tak-tak, tak-tak, mlio ule ule uliokuwa ukiniamsha utotoni. Keekee ya kutobolea mbao, ile ya kuzungusha kwa upinde, imekwisha. Sasa ni ya umeme. Chombo kimoja kinachukua miaka miwili na kuzidi. Kikishashushwa majini hupelekwa Dubai kufungwa injini, kisha huanza kubeba mizigo kwenda Somalia, Yemen na Ghuba. Siku hizi vyombo havina tanga tena.

Hili la tanga limeniuma. Lakini nawasifu, na nasema hivyo kwa moyo mmoja: walikubali injini ili mbao zisife. Kwetu tumeshika tanga, na mafundi wanapungua kila mwaka.

Adhuhuri nimeswali Ijumaa. Misikiti ya mji huu ni ya zamani sana, mingine ni ya mwanzoni mwa karne ya 17, rika moja na hekalu la Lakshminarayan ambalo kengele yake inasikika mtaani. Baada ya swala mwenye chombo akanichukua hadi Salaya, mtaa wa mabaharia, akanikalisha kwenye baraza la mzee ambaye alikuwa amejifunika blanketi akitafuna tambuu.

"Huyu mtu ya Lamu," alimwambia kwa Kihindi.

Mzee akanyamaza. Akatema tambuu, akajifuta mdomo kwa taratibu.

"Lamu?" akasema. Halafu kwa Kiswahili: "Mimi iko fika Lamu mara mingi. Kwanza 1961. Kotia ya baba. Mimi toto, pika chai tu."

Kotia ni chombo cha tanga cha huku. Nikamwamkia "Shikamoo, mzee," na akaitikia marahaba bila kuchelewa, kana kwamba miaka sitini haikupita. Aliniambia walikuwa wakitweka Desemba au Januari, kaskazi ikiwasukuma nyuma, wakishusha vigae vya Mangalore na vitambaa, kisha wanapakia boriti za mikoko na kungoja kusi iwarudishe. Siku ishirini na kitu kwa upepo mzuri. Kusi ikikaza hawasafiri tena. Vyombo hupandishwa, hutiwa mafuta, na bahari hufungwa hadi mwezi mpevu wa Agosti, ambapo Wahindu wavuvi, Wakharva, huitupia nazi kuiomba radhi ndipo ifunguliwe. "Sisi Islam," alisema, "lakini sisi pia ngoja ile nazi. Bahari moja."

Akaniuliza kama kisima cha karibu na msikiti fulani bado kina maji matamu. Nilimwambia ndiyo. Sijui ni kisima gani hasa anachokisema, Lamu ina visima vingi, lakini maji matamu yapo.

Jumamosi, mitaani

Mji wa ndani ni vichochoro. Ukitoka Mji Mkongwe wa Zanzibar ukaingia hapa utadhani umepotea nyumbani: mabaraza, madirisha ya mbao ya ghorofani, milango mizito yenye vipande vya mraba. Ile milango ya Darajani kule Unguja ambayo watu huiita ya Kihindi, asili yake ni kwa mafundi wa pande hizi za Gujarat. Nyumba nyingi zimefungwa kwa kufuli. Wenyewe wako Mumbai, Muscat, Nairobi, Leicester. Mpiga pasi mmoja ana funguo za nyumba nne na kila wiki hufungua madirisha zipate hewa.

Kutoka wilaya hii walitoka watu waliobadilisha pwani yetu. Nyumba ya biashara ya Jairam Shivji, Mabhatia, Wahindu wafanyabiashara wa hapa Kutch, ndiyo iliyokodi ushuru wa forodha wa Zanzibar zama za Seyyid Said. Tharia Topan, Khoja aliyezaliwa Lakhpat, ndiye aliyeanzisha lile jengo la mbao za nakshi linalotazama bahari Unguja ambalo lilikuwa zahanati. Allidina Visram alizaliwa Kera, kijiji cha jirani ya Bhuj, akaja Bagamoyo akiwa mvulana, na maduka yake yakafika hadi Uganda. Duka lenyewe, na bepari, na bima, gunia, laki, gari: maneno haya yalishuka kwenye gati zetu pamoja na mizigo yao. Na lugha haikwenda upande mmoja. Nimemsikia mwanamke sokoni aliyezaliwa Kampala akiuliza bei ya mogo. Alimaanisha muhogo. Familia yake iliondolewa Uganda mwaka 1972, na mwenyewe alikuja kuolewa hapa.

Asubuhi nimekaa kwenye ukumbi wa Makhatri, mafundi wa bandhani. Mwanamke anainua kitambaa kwa ukucha, anakamata punje ndogo kama ya mtama, anaizungushia uzi, anakaza, anakwenda ya pili. Maelfu ya vifundo kwa shuka moja. Ikishatiwa rangi vifundo vinafunguliwa na kila kimoja kinaacha doa jeupe. Mwenye nyumba ni Mwislamu, na wateja wake wakubwa ni maharusi wa Kihindu na wa Kijaini. Nilipomtajia kaniki alijua mara moja. Karne ya 19 vitambaa vya Kutch vilivyotiwa nili vilipakiwa katika bandari hizi na kwenda Zanzibar, na kutoka huko hadi bara, mgongoni mwa wapagazi. Pembe za ndovu zikarudi huku.

Na watu pia walirudi huku. Hilo sikutaka kuliacha.

Mchana nimekutana na dereva wa lori, Msidi, mtu wa jamii ya Wahindi wenye asili ya Afrika. Mtu akimwona Malindi au Kilwa angemsalimia kwa Kiswahili bila kufikiri, nami nilifanya hivyo. Hakuelewa. Ni Mwislamu, anazungumza Kikutchi, baba yake na babu yake wamezikwa hapa. Wasidi wako sehemu kadhaa za Gujarat, wengine wakiwa Jambur, karibu na msitu wa Gir. Baadhi ya wazee wao walikuja kama askari na mabaharia, wengi waliletwa watumwa, na bandari hii ilikuwa moja ya milango. Rao Desalji wa Pili alipiga marufuku kuingiza watumwa Kutch mwaka 1836. Vyombo vilivyowabeba vilijengwa na mafundi kama babu zangu, na huenda babu zangu wenyewe. Mimi ni mjukuu wa fundi na naandika haya nikijua.

Nikamwuliza kwa mkalimani, mwuza chai aliyekuwa hapo, kama kuna neno lolote wamelihifadhi. Akafikiri sana. Akagonga meza kwa viganja viwili, pigo la chini na mawili ya juu, akasema: "Goma."

Ngoma. Ndiyo jina la dhikri na mchezo wao mbele ya makaburi ya mawalii. Tulinyamaza sote watatu. Kisha nikampigia lile pigo la pili, la kwetu, na akalishika pale pale.

Jioni nilikwenda kwenye ukumbusho wa Shyamji Krishna Varma, mpigania uhuru aliyezaliwa Mandvi mwaka 1857 na kuanzisha India House kule London mwaka 1905. Wamejenga nakala ya ile nyumba ya London, matofali mekundu, katikati ya mchanga. Nilizunguka haraka. Akili yangu ilikuwa bado kwenye ile meza.

Jumapili, juu ya dari

Leo ni tarehe 14 Januari, Uttarayan, siku ambayo kwa hesabu ya jadi jua linageukia kaskazini, na Gujarat yote iko juu ya nyumba ikirusha tiara. Uzi wao umepakwa unga wa chupa, na mchezo ni kukata tiara ya jirani. Ikikatika dari zima linapiga mayowe, "Kaipo che!", na watoto wanakimbia vichochoroni kuokota.

Mwenye nyumba ninayolala ni Mlohana, Mhindu wa jamii ya wafanyabiashara. Dari la kushoto ni la Mabohora, wanaume na kofia zao za mviringo zenye uzi wa dhahabu, dari la nyuma ni la Wajaini. Sahani zinavuka ukuta. Nimeona pia sahani zisizovuka: ya samaki haikwenda kwa Mjaini, na yeye hakuiangalia. Nataka kuwa mkweli kuhusu mji huu. Kila jamii ina mtaa wake, ina chakula chake, na kaburi au moto wake wa maiti. Kuoana ni nadra. Mwenye nyumba aliniambia bila kuficha kwamba asingempangisha chumba mpika nyama. Lakini huyo huyo, mjukuu wake alipojikata kidole kwa uzi wa tiara, alimrusha juu ya ukuta mikononi mwa Mbohora ambaye ni daktari, na mtoto akarudi na bendeji na lozi mdomoni. Kwangu mimi huo ndio ujirani, ukiwa na mipaka yake na mikono yake, na ni huo huo niliokulia.

Mchana tumekula rotlo, mkate wa uwele, mtindi mwepesi, na mboga za mizizi zilizopikwa pamoja hadi zikalainika. Vidole vyangu vimejaa mikato. Nimekatiwa tiara kumi na moja, nimekata moja.

Jumatatu, gudini tena

Basi la Bhuj ni la saa sita. Nilikwenda mtoni kuaga, nikamkuta yule mzee wa Salaya ameletwa kwa pikipiki ya magurudumu matatu, blanketi na yote. Amekuja, anasema, kwa sababu jana usiku alikumbuka jina la fundi wa Matondoni aliyewazibia kotia yao mwaka mmoja ilipogonga mwamba. Alilitaja. Halikuwa la babu yangu, lilikuwa la mtu wa jirani yake, na baba ndiye angejua.

Nikampigia baba kwa simu ya picha. Kwao ilikuwa asubuhi, yuko chini ya mwembe na kikombe chake.

"Salaam aleikum, fundi," mzee alisema.

"Wa aleikum salaam, nahodha. Habari za safari?"

Aliitikia njema, kama mtu aliyetia nanga sasa hivi. Wakasemezana. Baba alimjua yule fundi, akamwambia amekwisha kufa, wakamwombea dua. Wakaja kwenye mafuta: baba anasema hakuna kama sifa, mafuta ya papa, mzee anasema papa hawapo tena wa kutosha. Mzee akauliza kaskazi imeanza huko, baba akasema imeanza, tena kavu.

Kisha baba akataka aonyeshwe chombo. Nikaigeuza simu, nikapita polepole kando ya mkuku, fundi mkuu akinifuata nyuma.

"Simama hapo," baba akasema. "Rudi. Ubao wa tatu toka mkuku, upande wa omo. Mwambie pamba yake haijafika ndani."

Sikujua namna ya kulitafsiri. Nikaweka kidole mahali penyewe. Fundi mkuu akainama, akapapasa kwa kile kidole chake cha nusu, akamwita kijana mwenye nyundo.